Kumfuata Cheptoo kwa Baiskeli

Jumatatu, 3 Februari

Cheptoo amefanywa kiongozi! Binti yangu. Ataongoza wageni kwa baiskeli kule chini ya Sigor, kwenye nyasi, waone pundamilia na twiga bila kukaa ndani ya gari. Simu imenipata katikati ya chai, kikapu nusu. Nimepiga kelele mpaka mama wa shamba la jirani akadhani nimeona nyoka.

Miaka miwili amekuwa akiendesha nyuma ya kila mtu, na pampu mgongoni, akiziba pancha za wengine. Kiongozi wa zamani amepata kazi Naivasha. Sasa ni yeye.

Nimetangaza kwenye kituo cha chai tukingoja lori la majani. Nimetangaza kwa sauti. Hata mwenye mizani amesikia. Sijuti.

Ng'ombe amekamuliwa. Mvua hakuna.

Jumanne, 4 Februari

Kumbe bado. Jana sikumaliza kusikiliza.

Bwana Rotich, mwenye baiskeli, anataka mtihani kwanza. Cheptoo aongoze watu ambao hawajawahi kukanyaga nyika, yeye Rotich awe nyuma akitazama tu. Asiporidhika, kazi itachukuliwa na kijana mmoja wa Bomet mjini. Msimu unafunguliwa karibuni, hana muda wa kubembeleza mtu.

Sikusema kitu kituoni leo. Walinipongeza nikapokea.

Wanatakiwa watu watano wa kujaribu. Nimemwambia Cheptoo nitawaleta, na mimi ni mmoja wao.  Halafu akauliza kama najua kuendesha baiskeli. Nimemwambia hilo si swali la kumuuliza mama.

Sijui kuendesha.

Alhamisi, 6 Februari

Mama Achieng ndiye mwalimu. Mume wake ni fundi kwenye kiwanda cha chai, watu wa upande wa ziwa, lakini wamekaa hapa mpaka watoto wao wanaongea Kipsigis kutuzidi. Yeye alikuwa anaenda shule kwa baiskeli. Ametuletea ya mume wake. Tunajifunza kwenye uwanja wa shule ya msingi, watoto wakishaenda nyumbani.

Wengine ni Bot Kiprono, mama yake Kiprono, wa kwaya na wake wawili wa shemeji zangu. Hao watatu walishika haraka. Mimi nimeanguka. Nimeanguka tena.

"Mama Cheptoo, tazama mbele! Hiyo gurudumu haitakimbia ikuache!"

"Naangalia kama iko sawa."

"Iko sawa. Ni wewe hauko."

Amecheka mpaka akakaa kwenye nyasi. Nimekasirika kidogo. Halafu nikacheka.

Jumamosi, 8 Februari

Nimeenda. Kutoka goli hadi goli bila kushikwa. Wakati wa kugeuka nilishindwa nikaingia kwenye ua wa mwalimu mkuu, lakini nimeenda. Wanawake wangapi wa rika langu hapa Boito wanaweza? Mimi, na Mama Achieng ambaye si haki kumhesabu.

Miguu ya kuchuma chai kwenye mteremko miaka yote hiyo. Haichoki. Ni akili ndiyo inaogopa.

Baba Cheptoo ameniona na suruali ya mazoezi chini ya sketi. Ameuliza naenda kucheza namba ngapi. Nimemwambia tisa. Hajui hata tisa inasimama wapi.

Jumapili, 9 Februari

Kanisani nimesimama wakati wa maombi nikaomba wamkumbuke Cheptoo, kiongozi wa nyika nzima. Nilisema pia ana mtihani kidogo. Hilo nilisema haraka.

Watu walipiga makofi. Nilifurahi. 

Alhamisi, 13 Februari

Amekuja nyumbani kutufunza masharti. Amekonda. Amepigwa jua mpaka pua inachubuka, na mikono ni migumu kama ya baba yake. Mrembo tu. Nimempa mursik, maziwa ya kibuyu, vikombe viwili.

Masharti si mengi. Tunaendesha mmoja nyuma ya mwingine. Akiinua mkono, wote wanasimama, mguu mmoja chini, mdomo umefungwa. Hakuna wa kumpita.

"Hata wewe, Mama. Hasa wewe."

Wote walicheka. Na mimi pia. Yeye hakucheka.

Nimemuuliza kama akikosa hii atarudi pancha. Amesema hapana. Hatarudi nyuma tena. Ataenda Nairobi atafute kitu kingine. Aliyasema akiosha vikombe, bila kunitazama. Anaipenda ile nyika. Mtu anajua mtoto wake anapenda nini.

Jumamosi, 15 Februari

Nimeharibu.

Gari la Rotich lilituchukua asubuhi. Ukishateremka kutoka Sigor, mahindi yanapungua, halafu yanaisha, halafu ni nyasi tu. Rangi ya manjano hadi macho yanachoka. Mahali pasipo na ua wala shamba la mtu. Sijawahi kuona.

Mwanzo ulikuwa mzuri. Cheptoo mbele, sisi nyuma yake kama vifaranga, Rotich wa mwisho. Pundamilia walitutazama wakaendelea kula. Kwenye baiskeli unawasikia wakikata nyasi kwa meno. Twiga walivuka mbele yetu bila haraka. Nilikuwa nawaza, huyu anayenionyesha twiga nilimfunga mgongoni nikichuma chai.

Halafu nyati. Dume peke yake, kando ya kichaka cha miiba. Cheptoo akainua mkono.

Wote walisimama. Mimi sikusimama. Sikuamua, miguu tu iliendelea. Nilimpita mtoto wangu nikajiweka kati yake na lile dume, baiskeli ikiwa imekaa kombo. Sikuwa na kitu mkononi. Nilitaka tu lianze na mimi.

Bot Kiprono kuniona nimepita, alidhani tunaendelea, akanifuata. Wake wa shemeji waligongana wakaanguka. Mama Achieng akapiga nduru. Dume likainua kichwa.

Cheptoo alisema kwa sauti ya chini, "Mama. Rudi. Polepole."

Nikarudi. Dume likakoroma, likageuka, likaingia kichakani.

Hakuna aliyeumia ila goti moja. Rotich aliuliza, "Kiongozi hapa ni nani?" Hakumtazama mtu.  Cheptoo alikuwa amepiga magoti anapaka dawa.

 

Jumapili, 16 Februari

Sikuenda kanisani. Nimesema ni mgongo.

Nimekasirika. Na lile dume, na Rotich, na suruali. Na mimi.

Jumatatu, 17 Februari

Kituoni waliuliza. Mdomo wangu ndio uliwafundisha kuuliza. Nimesema Rotich bado hajaamua. Ni kweli, hajapiga simu. Mama Achieng alikuwa pale na angeweza kueleza yote. Alipanga tu majani yake kwenye gunia akasema jua la leo ni kali.

Huyo ni mtu.

Jumanne, 18 Februari

Cheptoo amepiga. Rotich amekubali arudie mara moja, Jumamosi. Goti lilifungwa vizuri na dume halikufuata mtu, hayo aliyaona. Lakini amesema mama yake asije.

Nimesema sawa, sitakuja. Nilisema haraka. Nilikuwa nimefurahi kukatazwa.

Cheptoo amekataa. Amemwambia Rotich ataongoza watu wale wale watano au asiongoze kabisa, na Rotich amekubali shingo upande. Nimemuuliza ana wazimu gani.

"Mama, wageni sichagui. Atakuja baba na mtoto wake. Atakuja mtu na bibi yake. Kama siwezi kukusimamisha wewe, nitasimamisha nani?"

Nimemwambia kwamba sijiamini. Hilo sijawahi kumwambia mtu.

Akasema, "Najua. Utakuwa wa pili. Nyuma yangu kabisa."

Sikula chajio vizuri.

Ijumaa, 21 Februari

Mazoezi ya mwisho. Mama Achieng mbele, mimi wa pili. Nyati alikuwa fahali wa Baba Cheptoo, amefungwa kando ya uwanja. Mkono ukiinuka, nasimama. Nilisimama kila mara. Lakini Mama Achieng si mtoto wangu. Akiliwa nitalia, lakini nitasimama. Nilimwambia hivyo.

"Asante, jirani," akasema. "Nitaambia mume wangu unavyonipenda."

Fahali alilala.

Jumamosi, 22 Februari

Ndovu.

Tulikuwa tumeenda vizuri tangu asubuhi. Swala, mbuni, nyumbu wachache. Rotich nyuma, kimya. Mimi nilitazama mgongo wa Cheptoo tu. Wengine wanasema kulikuwa na fisi. Mimi sikumwona.

Tukapanda mwinuko mdogo, na upande wa pili walikuwa pale, karibu kuliko nilivyotaka. Wakubwa, na mtoto mmoja mdogo. Mkono wa Cheptoo ukainuka.

Nikashika breki. Mguu chini. Mdomo nikaufunga.

Halafu akafanya kitu hakutuambia. Alilaza baiskeli kwenye nyasi akaenda mbele kwa miguu, peke yake, hatua chache, kutazama upepo na mahali wanaelekea. Akachukua vumbi akaliachilia. Ndovu mkubwa akageuka, akafungua masikio, akasimama mbele ya mtoto wake.

Yule mama ndovu hakuna aliyemkataza.

Nilishika zile breki mpaka vidole vikafa. Nyuma yangu nasikia Bot Kiprono anapumua. Nilijua kwamba nikisogea wote watasogea. Nilijua pia mtoto wangu amesimama pale na shati la kijani na shingo nyembamba. Nilikuwa na haya yote mawili na sikufanya kitu. Kazi ngumu kuliko zote nimefanya, na mtu akitazama angesema ni mwanamke amesimama na baiskeli.

Cheptoo alirudi kinyumenyume, polepole. Akaonyesha kwa kidole chini. Tukashuka kwenye baiskeli. Tukazigeuza. Tukazisukuma kuteremka, mmoja nyuma ya mwingine. Hakuna aliyeanguka. Hakuna aliyesema neno mpaka yeye aseme.

Neno lenyewe lilikuwa, "Tukunywe maji."

Hapo ndipo nilikaa kwenye nyasi. Mama Achieng akanishikia chupa.

Rotich alimwita Cheptoo kando. Waliongea muda mfupi. Alimpa filimbi anayovaa kiongozi, akapanda gari. Kwangu alisema tu, "Mama, umefanya vizuri kusimama."  Sikusimama kwa ajili yake.

Jumatatu, 24 Februari

Mapaja yanauma. Chai imechumwa hata hivyo, kikapu kimoja. Asubuhi kulikuwa na ukungu, kisha mvua ndogo, ya kulaza vumbi tu.

Cheptoo yuko Sigor anasafisha minyororo ya baiskeli. Amepiga simu mchana. Nimesikiliza mpaka akamaliza.

Kituoni wameuliza tena. Wamesogea karibu kabisa, na mwenye mizani ameacha kupima. Ndovu walikuwa kwenye ncha ya ulimi. Nimewaambia mwenyewe atakuja nyumbani, wamsikie yeye. Nitapika. Wa kituoni, wa kwaya, Mama Achieng na mume wake, Rotich akitaka pia. Waje wote Jumamosi, tarehe moja, baada ya majani kuchukuliwa.