Hodi Kwenye Wadi Tupu

Dada Atieno,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye chai. Mgongo wako unaendeleaje, na yule ng'ombe mkorofi ameshazaa? Mimi ni mzima, ila moyo bado unaruka. Tafadhali usicheke kabla hujamaliza kusoma.

Unajua mashine za kuchuna chai zilipokuja, wafanyakazi walirudi makwao na dispensari ya shamba ikafungwa. Nesi alihamishwa. Nimebaki mimi mfagiaji, na ufunguo, nalinda vitanda sita visivyo na mgonjwa. Ukungu ukishuka unaingia mpaka ndani. Mfereji wa maji ukidondosha tone, naruka. Ndiyo maana kila mlango napiga hodi kwanza, vile ulinifundisha tukiwa wadogo. Wenzangu wa kwenye mashine wananicheka: "Okello, unaomba ruhusa kwa nani?"

Jumanne, saa tano asubuhi, nilipiga hodi kwenye wadi ya akina mama.

"Karibu," sauti ikajibu.

Dada, niliacha ufagio, nikaacha na kiatu kimoja. Nilikuwa karibu na geti niliposikia, "Mzee, usiende! Mtoto anakuja!"

Alikuwa Chelangat, aliyewahi kuchuna chai hapa, ametoka upande wa Sigowet alikoolewa, akaingia kwa mlango wa nyuma niliouacha wazi nikienda kuchota maji. Kifungua mimba wake alizaliwa hapo hapo, na hakuna aliyemwambia pamefungwa. Nilirudi, nikampigia simu nesi mstaafu anayekaa karibu na soko. Akasema, "Nakuja. Mshike mkono, na usizimie."

Niliung'ang'ania mkono wake hadi Chelangat ndiye akaniambia nipumue. Mara akanyamaza. Hapo ndipo nilijua kwamba kabla ya siku hiyo sikuwa nimewahi kuogopa kweli.

Nesi alifika na bodaboda, matope hadi magotini. Saa sita mtoto akalia. Nyanya yake amemwita Chebet, kwa sababu amezaliwa mchana.

Jana meneja alileta kufuli mbili mpya, ya mbele na ya nyuma. Aliniambia akikuta mlango wazi, kazi imeisha, niende nyumbani moja kwa moja. Nimefunga wa mbele. Kufuli ya nyuma, ya mlango alioingilia Chelangat, iko mfukoni mwangu ninapoandika, na kila gari likipita mkono wangu unaikimbilia.

Nisalimie shemeji, fundi wetu wa baiskeli, na Mama Mdogo wa kwaya. Siku ukiniona uani na sanduku langu, usiniulize maswali mengi. Ongeza tu unga kwenye sufuria.

Mdogo wako mwoga,
Okello