Jiwe la Vitalis

Umbilo, Durban
Jumapili, baada ya ibada

Kwako Yaya Agathe, dada yangu mkubwa uliyenibeba mgongoni,

Nakusalimu wewe, shemeji na watoto wote kwa jina la Bwana. Mimi mwili ni mzima. Ya moyoni utayasoma. Mguu wa Mama unaendeleaje? Anameza zile dawa, au bado anazificha chini ya mto na kusema zimekwisha?

Najua umeshangaa Élisabeth, aliyekuja huko kutoka hapa Durban, kukuletea bahasha wakati tunaandikiana kwenye simu kila siku. Umesema moyoni, Urbain amekuwa mzee wa posta. Cheka kwanza, yaya. Halafu ufunge mlango, ukae chini, uisome peke yako. Usimsomee Mama.

Kazi iko sawa. Bado natengeneza nywele kwenye saluni ileile, na sijisifu, lakini wateja wanatoka mpaka Cato Manor kuniulizia mimi kwa jina. Kila Alhamisi saa tisa naenda kwenye fleti ya bibi mmoja mzungu, Madame Belinda, kumwosha nywele na kumfunga rola. Ana miaka themanini na mbili, alikuwa mwalimu wa Kilatini. Nywele zimebaki chache kama za kuku aliyenyonyolewa nusu, lakini anataka zipangwe kama za malkia.

Katika ujana wake alichimba mabaki ya Warumi huko kaskazini ya Uingereza. Yaya, Warumi hawa hawa wa Pilato walifika mpaka kule, wakajenga ukuta wa mawe kutoka bahari hadi bahari, kwamba hapa ndipo dola yetu inaishia. Askari wa kuulinda waliwatoa mbali, wengine Siria, wengine Afrika ya kaskazini, wakawasimamisha kwenye baridi na ukungu miaka na miaka. Madame anasema ndani ya matope wamekuta viatu vyao, vitana vyao (hapo nilifurahi, kumbe hata kinyozi alikuwa na kazi), na barua zao kwenye vibao vyembamba vya mti. Mmoja ametumiwa soksi, mwingine anauliza mbona ndugu yake haandiki. Nilicheka, nikamwambia hao ni sisi kabisa, wametoka mbali na kazi waliyopata ni usekyuriti.

Siku nyingine nilimwimbia ile Requiem ya Baba. Unakumbuka Baba na ukatekista wake, anaimba Kilatini kwenye mazishi kwa sauti kubwa na neno hata moja halijui? Madame akanifasiria kwamba ni kuomba wafu wapewe pumziko la milele. Akasema dola ya Warumi ilikwama kwenye ule ukuta, lakini maneno yao yalitembea mpaka Uvira, mpaka kinywani mwa Baba. Nilishindwa kumaliza wimbo. Yeye alidhani nimesahau maneno.

Sasa nije kwa mdogo wetu Cyprian. Kila wiki unauliza, kila wiki nakujibu yuko Cape Town, simu imeibiwa, atapiga mwisho wa mwezi. Wiki mbili zilizopita ulinitumia sauti, ukasema Mama ameota Cyprian amesimama mlangoni, amelowa chapachapa, anakataa kuingia mpaka aitwe kwa jina, na Mama jina likampotea. Sauti ile niliisikiliza mara moja tu. Tangu siku hiyo nafanya kazi nimekipa mgongo kioo cha saluni. Unajua tulivyofanana. Nikiinua macho namwona yeye ameshika mkasi, ananingoja nimalize.

Alhamisi hii Madame alinionyesha picha ya jiwe la kaburi. Walilikuta kwenye ukuta wa zizi la ng'ombe, maana wakulima wa kule walibomoa mawe ya Warumi wakajengea kuta zao. Juu limevunjika. Chini yamebaki maneno machache, kwamba Vitalis, ndugu wa marehemu, ndiye aliyeliweka. Basi watu wanaliita jiwe la Vitalis, na wageni wanamwekea Vitalis maua. Madame alicheka sana, akasema kumbe Vitalis hakulala pale! Vitalis ndiye aliyebaki hai. Jina la nduguye aliyekufa lilikuwa kwenye kipande cha juu, na kipande hicho hakuna anayejua kiko wapi.

Mikono yangu ilisimama kichwani mwake. Maji yakamwingia masikioni, akapiga kelele, nikaomba msamaha, nikasema ni kizunguzungu. Haikuwa kizunguzungu, yaya.

Cyprian amekufa. Amekufa mwezi wa sita mwaka jana. Naandika mara mbili ili usidhani umesoma vibaya.

Alipofika hapa, karatasi yake ya ukimbizi iliisha muda, na bila karatasi hakuna anayekupa kazi. Nikamwazima yangu. Ndugu wawili sura moja, nani atajua? Akapata kulinda magari mbele ya maduka kule Queensburgh, na huko wote walimwita Urbain. Homa ya kichwa ilimshika siku tatu tu. Wenzake walimfikisha hospitali na ile karatasi yangu mfukoni. Nilipofika alikuwa ameshakata roho. Nesi aliniuliza marehemu ni Urbain? Na mimi nani? Niliogopa, Mungu wangu, niliogopa kwamba watatufunga kwa karatasi, wamzuie hata maiti. Nikasema ndiyo, ni Urbain. Mimi ni mdogo wake, Cyprian.

Tulimzika mimi, wachimba kaburi wawili na mchungaji wa Kizulu asiyemjua. Hakukuwa na matanga. Hakuna mama wa kanisa aliyelala chini nyumbani kwangu, hakuna aliyelia, maana niliwaficha wote. Msalaba wake una jina langu lote. Nilidhani karatasi ya kifo inabaki kabatini hospitalini. Kumbe mwezi wa pili mwaka huu, nilipokwenda kurefusha karatasi yangu, karani alitazama kompyuta, akanitazama mimi, akasema mwenye namba hii ni marehemu. Nilitoka mbio.

Wewe unajua kwetu kifo hakisemwi kwenye simu. Nikajiambia ningoje mtu wa kuja huko awaambie ana kwa ana. Mtu akapatikana, nikasema nitamtuma wa pili. Wa pili akapita. Wanasema mficha maradhi kifo humuumbua. Mimi nilificha kifo chenyewe, nikampa Mama Cape Town.

Jana nilikwenda makaburini. Kuna mtu ameweka maua, labda wenzake wa Queensburgh, na kikadi kimeandikwa Urbain. Nilikaa chini nikalia mpaka mlinzi akanifuata. Kesho kutwa naenda kwa wakili, halafu ofisini, kusema ukweli wote. Wanaweza kunifunga, wanaweza kunirudisha. Naogopa sana, sikudanganyi tena, lakini mdogo wangu hawezi kubaki mimi.

Nakuomba umchukue mjomba na wamama wa kanisa, mwende kwa Mama asubuhi, akishakula. Mtu yeyote asitaje jina langu kabla ya lake. Akinilaani, mwache anilaani.

Msalimie shemeji, wape watoto mkono, na Élisabeth mpe chai, amebeba mzigo asioujua. Kilio kikianza, nipigie simu uiweke katikati ya watu, hata kama sitasema kitu. Huku hakuna aliyewahi kumwita Cyprian akimlilia. Nataka niwasikie.

Ni mimi mdogo wako, niliye hai,
Urbain