Siku Tisa za Kumbeba Solmek

Jumatatu, 2 Mwezi wa Barafu

Nimemwita. Mbele ya wote, wakati wa uji. Nikasimama nikasema: mimi Iveska binti Hadrun nataka kumbeba Mwalimu Solmek. Vijiko vikanyamaza. Yeye akaendelea kula, akauliza tu kama nina viatu vizuri. Wenzake wakacheka. Nami nikacheka — meno tu.

Hapa mlimani humpingi mtu mpaka uyabebe mafundisho yake siku tisa. Ule anavyokula, ujibu anavyojibu. Siku ya kumi anakuuliza maswali matatu, halafu yeye mwenyewe anatamka: nimejiona, na pingamizi lako linasimama; au sijajiona, nawe unateremshwa. Baba alimbeba Solmek, rafiki yake wa tangu utotoni, hadi watu wakawa wanachanganya sauti zao. Solmek akasema hajajiona. Uongo mtupu! Jina la baba likasuguliwa kwa mchanga na maji ukutani, penye majina ya watu wa mlimani, akateremshwa mlima pekupeku. Theluji ikala vidole vinne vya mguu wa kushoto.

Miaka ishirini akasuka kamba bondeni. Kafa juzijuzi, na hakuwahi kumsema Solmek vibaya hata siku moja. Basi nitamsema mimi. Nataka jina lake lifutwe. Nataka ashuke njia ileile, na mimi niwe dirishani.

Jumanne, 3

Nimeanza. Mafundisho yenyewe haya: aliyelala amekufa. Anayeamka ni mtu mwingine, na huyo mwingine hana hatia ya marehemu. Yamemfaa kweli.

Kwa hiyo kila asubuhi namuuliza kila mtu jina, kana kwamba simjui. Shangazi Dorvela, mpishi ninayemsaidia jikoni, kanitazama na mwiko mkononi. Kasema jina lake ni lile la jana na juzi, na uji unapoa.

Tena ukiandika kitu, unakichoma kabla ya kulala. Mimi sichomi. Daftari linakaa kwenye gunia la dengu, chini kabisa. Wakiliona nimekwisha — itakuwa sikumbeba.

Ijumaa, 6

Solmek kaja jikoni kuomba chumvi. Kasimama sana pale kwenye magunia. Kaniuliza jina, nikamtajia. Binti wa nani? Wa mtu aliyekufa, nikasema. Akatikisa kichwa taratibu, akaondoka na chumvi yake. Namchukia hadi chakula hakinipiti.

Jumapili, 8

Leo nimeogopa. Nimeamka sina hasira. Kabisa! Nimemuuliza Dorvela jina, akasema leo anaitwa Malkia, tukacheka mpaka maziwa yakafurika jikoni. Nilikuwa mwepesi. Karibu mchana mzima.

Halafu nikakumbuka kile kidole kimoja cha baba kilichobaki. Nilikuwa namkata kucha kila Ijumaa, naye anasema: polepole, binti, huyu ni mtoto wa pekee. Nikaja kusoma ukurasa wa kwanza humu. Hasira ikarudi. Nimeshukuru.

Jumatano, 11

Nimepata pa kumshika. Nilikuwa nasugua sufuria tu, likaja lenyewe. Siandiki. Kesho.

Alhamisi, 12

Niko stoo ya kuni, pembeni ya ukumbi. Naandika haraka.

Maswali mawili yalikuwa mepesi. La tatu kaliuliza ameinama: nani alimteremsha Hadrun? Nikimtaja yeye, nimeshindwa kumbeba. Nikijibu kama yeye, namsafisha kwa mdomo wangu mwenyewe. Alijua.

Nikajibu kama yeye. Nikasema: mtu mmoja aliyekufa usiku uleule. Wewe huna hatia, Mwalimu. Akashusha pumzi. Nikaongeza: na kiti hicho cha Mwalimu alipewa huyohuyo. Jina lililo ukutani ni lake. Wewe umekalia kiti cha maiti, humjui hata alikuwa nani.

Dorvela kaziba mdomo kwa aproni. Wazee wakatazamana. Hayo ni mafundisho yake, hakuna neno langu hata moja! Akisema amejiona, jibu langu linasimama: anaondoka kitini, jina linafutwa, viatu anaacha. Akisema hajajiona, karudia uongo wake, safari hii wote wanasikia. Wameweka pande la barafu kizingitini, kama desturi. Lazima atamke kabla halijayeyuka.

Nimesubiri hili tangu nina miaka tisa. Nina furaha.

Amekuja. Yuko hapa, amekaa juu ya gogo. Sijafunga daftari, kwa nini nifunge. Anasema daftari langu aliliona siku ile ya chumvi, akalirudisha chini ya dengu. Kwa hiyo akisema hajajiona leo, hatakuwa anadanganya. Sikumbeba. Jana yote ninayo, imo humu. Anaweza kunimaliza kwa neno moja la kweli.

Nikamuuliza, na baba? Kasema Hadrun hakuwa na daftari. Hadrun alimbeba hadi akasamehe hata kabla hajakosewa, na yeye akaogopa kumwona mtu amekuwa Solmek kumzidi Solmek mwenyewe. Kasema aliyefanya hivyo hajafa. Kila asubuhi anaamka naye.

Niliyataka maneno hayo. Nimeyapata. Mbona sijashiba?

Sasa ananiuliza yeye: nikaseme nini mle ndani, Iveska? Nikisema nimejiona, ni uongo wa pili. Nitausema ukitaka. Sema wewe.

Barafu imebaki kama yai. Dorvela anachungulia. Yeye ameshavua viatu, ameviweka karibu na miguu yangu. Soksi hana. Nimemwambia avae kwanza, sakafu ni baridi. Sijui nimelitoa wapi hilo.

Hajavaa. Anangoja nimjibu.