Maji ya kaka Amisi

Kasongo, Jumapili

Hatimaye imekubali! Hii konsoli yetu ya zamani haisomi tena diski, basi leo nimeiwekea ile programu ya kufungua kopi za michezo kwenye kle USB. Niliogopa itafuta memori yote, na matokeo ya mechi yangu na kaka Amisi yapotee.

Iko bado. Mimi mbili, yeye moja.

Tulicheza asubuhi ile, mbele ya yeye kupanda pikipiki kwenda kuchimba zahabu Salamabila. Hapa kwetu mwenye kufungwa mechi ndiye anachota maji ya nyumba. Alicheka tu: "Mudogo wangu, nitachota siku nikirudi."

Musimu wa mvua wa pili huu, na simu yake haipiti.

Nimezima konsoli. Nimebeba bidoni ya maji, nimeenda tena kumuchotea yale maji yake.