Pendo Hatoi Maziwa Jumatano

Nduruma, Jumatano jioni

Mama yangu, shikamoo.

Kuna jambo sijamwambia mtu yeyote: namwimbia ng'ombe. Mimi, ambaye darasani nikiulizwa swali kwa Kiingereza najifanya nakohoa! Usicheke kwanza. Goti lako linaendeleaje? Mvua zimeanza huko Songea? Sisi huku wazima.

Pendo ni yule ng'ombe wa Shangazi niliyekusimulia. Maziwa yake ya mwezi yalishuka sana, Anko, mume wa Shangazi, akasema ni mgonjwa, akaamua mwenye bucha aje amchukue. Shangazi akalia jikoni, akasingizia vitunguu.

Kikundi chao cha maziwa huandika kwenye simu idadi ya lita kila wanapokamua. Bwana mifugo akatutumia faili la mwaka mzima. Anko akalifungua kwenye kompyuta yake: tarehe, namba na koma, zimebanana mpaka chini.

"Haya, msomi," akaniambia, "andika hizo programu zenu, litoe jibu."

Mama, kuandika programu sijui! Ila shuleni mwalimu alituonyesha njia nyepesi. Kuna ukurasa mtandaoni, unaliburuta faili pale, linajipanga lenyewe kuwa jedwali. Nikabonyeza jina la Pendo, ng'ombe wengine wakajificha. Nikabonyeza "jioni". Nikabonyeza alama ya grafu, ukatokea mstari wenye mabonde, mabonde mawili kila wiki. Nikagusa bonde moja moja: Jumatano, Jumamosi, Jumatano, Jumamosi.

"Hizo si siku zangu za kwaya?" Shangazi akauliza.

Tukamgeukia Anko, maana siku hizo ndiye anayekamua.

"Kwa hiyo mgonjwa ni mimi?"

"Unamkamua kama unaziba pancha!" Shangazi akamjibu. "Mimi namwimbia."

Anko alicheka mpaka akakaa chini. Mwenye bucha akapigiwa simu asije.

Sasa siku za kwaya nakamua mimi. Nimewaambia naongea naye tu, lakini naimba, zile nyimbo zako za kupalilia mahindi, na ndoo inajaa.

Msalimie Baba, Bibi, na mdogo wangu aliyeteka kitanda changu.

Nasikia gambuti za Anko zinakuja. Ngoja nifunike barua kwa daftari.

"Mwimbaji! Pendo anakusubiri. Na uongeze sauti, majirani wanalalamika ubeti wa pili hawausikii."

Kumbe wanajua wote! Basi, sifuniki tena. Naiacha mezani, wazi.

Binti yako anayekwenda kuimba,
Rehema