Jengo Hili Halina Mtu

Shoga! Nimetoka sasa hivi kwenye ile posta ya zamani niliyokwambia nakwenda kuirekodi.

Nilikuwa peke yangu, kama kawaida yangu. Naonyesha madirisha ya stempu, naiambia kamera, "Jengo hili halina mtu tangu lilipofungwa."

Sauti nyuma yangu ikasema, "Kwani mimi si mtu?"

Eti yeye si mtu! Yaani alisema polepole tu, wala hakukasirika. Nageuka, bibi wa watu amekaa kwenye kiti, kando yake godoro na jiko. Kumbe alikuwa karani hapohapo. Mumewe alipofariki, mashemeji wakamtoa nyumbani, akarudi hapo posta, alikokuwa bado na ufunguo.

Nilitamani ardhi inimeze. Nikamwomba radhi, nikafuta video yote mbele ya macho yake, maana ikionekana watamfukuza.

Nikaaga. Akaniuliza, "Nyumbani anakusubiri nani?"

Nikamwambia, "Hakuna mtu," shoga.

Akavuta kiti kingine, akakipangusa vumbi kwa kiganja. "Basi kaa."

Nimekaa mpaka jioni. Tangu mama afariki, hakuna aliyewahi kuniambia nikae.