Hodi ya Kezia

Jumapili, 4 Oktoba 2015

Kanisani, kisha jikoni, kama kila Jumapili. Maharagwe, mboga ya lengalenga, samaki. Kezia wangu alikuja na basi kutoka Columbus. Mara ya kwanza tangu atoke bweni la chuo na kupanga chumba kwa yule mama wa Kijapani. Nilitoa sahani za maua. Nikatandika kitambaa cheupe. Alitaka kuosha vyombo, nikamkatalia. Kaa mwanangu, umetoka mbali.

Ila mambo mawili yamenikaa moyoni. Alibisha mlango akasema, "Hodi, mama!" Nyumba hii ya Highview amekulia humu. Na alipovua viatu aliinama, akavigeuza, ncha zikatazama nje. Kambini Kigoma, tulipokuwa wakimbizi, tulilaza viatu hivyo siku za habari mbaya, ili ukiamka gizani uvae ukimbie. Yeye alikuwa mdogo, hakumbuki. Mimi nakumbuka.

Mwanangu anamkimbia nani? Mimi?

Jumatano, 7 Oktoba

Wakati wa mapumziko kazini nilimpigia simu. Alikuwa ndiyo kwanza anaingia ndani huko anakokaa. Nikasikia anapaza sauti: "Tadaima!" Na sauti ya mwanamke ikajibu kitu kama "okaeri," polepole, kama mtu anayepokea mtoto wake.

"Umesema nini?"

"Ni Kijapani, mama. Unasema ukifika kwenu. Maana yake nimerudi."

Kwenu.

Kwangu hodi, kule nimerudi. Nilibandika lebo za maboksi vibaya hadi msimamizi akaja kunitazama. Nina wivu. Naandika hapa kwa sababu kusema kwa mdomo ni aibu.

Jumapili, 11 Oktoba

Mchungaji alisema tuwaombee watu tulio na uchungu nao. Nikamwombea Haruko, yule mama wa Kijapani. Ombi lilikuwa fupi. Kezia humwita Haruko-san. Hiyo san ni heshima, kama sisi tunavyosema bibi. Mumewe alikuja kufanya kazi kwenye kiwanda cha vipuri vya magari, akafia hapa, yeye akabaki. Hana mtoto. Najua napaswa kumhurumia. Bado sijaweza.

Halafu Kezia ameandika ujumbe: sikukuu ya bata mzinga mwezi ujao, ile ya huku ya kutoa shukrani, labda atabaki Columbus, ili Haruko-san asile peke yake. Na mimi nile na nani? Baba yake tulimzika Kigoma.

Nilimpigia dada Leokadia kule Buffalo. Alicheka hadi akakohoa.

"Mdogo wangu, hata mumeo alipokuwa hai hukumwonea wivu hivi!"

"Dada, ananiibia mtoto."

"Kibibi kile? Atambebaje?"

Sikucheka.

Jumatano, 14 Oktoba

Nimenunua mchele wa Kijapani, ule unaonata. Nikaupika. Umeshikana kama ugali uliokosewa. Nimeumwaga. Sijui nilikuwa natafuta nini mle sufuriani.

Jumamosi, 24 Oktoba

Safari ya Buffalo, ubatizo wa mjukuu wa dada. Niliendesha mwenyewe, nikapitia Columbus kumchukua Kezia. Nimemwona sasa huyo Haruko. Mdogo kweli, mvi tupu. Aliinama. Nikapiga goti kidogo, kama tulivyofunzwa mbele ya wakubwa. Akainama zaidi. Nikashuka zaidi.

"Jamani, mtafika chini," Kezia akasema.

Chai ya kijani, haina sukari. Niliinywa kwa imani. Kezia akaosha vikombe, na yule bibi akamwonyesha kwa kidole: hapa bado pachafu, rudia. Mwanangu kutumwa hivyo! Naye akarudia, anatabasamu.

Tulipoaga, Haruko alikuwa ametutangulia mlangoni. Amepiga magoti, na magoti yenyewe yanamuuma, unaona kabisa, anageuza viatu vyangu. Ncha nje. Damu ikanipanda.

"Ananifukuza?" nilimuuliza Kezia kwa Kiswahili.

"Hapana, mama! Ni heshima. Mgeni akitoka asihangaike, akute viatu vinamngoja."

"Na kwangu ulivigeuza mwenyewe. Wewe ni mgeni?"

Akavaa viatu, akatangulia garini. Tulipokuwa barabara kuu, mji umeshabaki nyuma, ndipo akaanza, kwa Kiingereza kama kawaida yake akikasirika, kisha akarudi kwenye Kiswahili ili kiniingie vizuri.

"Wewe ndiye umenifanya mgeni, mama. Tangu niende chuo. Sahani za maua! Kitambaa! Hunipi hata ufagio. Haruko-san ananituma. Ananigombeza. Kwako nakaa kwenye kochi kama mchungaji amekuja."

Nilishika usukani hadi Buffalo.

Jumapili, 25 Oktoba

Riverside, mtaa wa dada hapa Buffalo. Mtoto amebatizwa, Bwana asifiwe. Tuliporudi nyumbani dada hakutafuta maneno mazuri. Alimpa Kezia kisu na beseni la vitunguu.

"Menya, na usinililie humu."

Kezia akacheka, akavua viatu, kila kimoja upande wake, akakaa sakafuni na binamu zake. Sasa namwonea wivu dada pia. Bwana, nisaidie, watu wanazidi kuongezeka.

Jumamosi, 14 Novemba

Kezia amekata shauri. Alhamisi ya sikukuu atakula na Haruko-san, Ijumaa atakuja kwangu. Nilisema sawa. Nilisema vizuri kabisa. Baadaye nikalia chooni kazini.

Ijumaa, 27 Novemba

Jana nilikula kuku peke yangu. Iliuma, nisiseme uongo. Nilipomaliza niliziacha sufuria zote kwenye sinki. Mimi, ambaye silali na kijiko kichafu. Asubuhi nikakaanga mayai, nikaongeza na kikaango juu. Mikono ilikuwa inaniwasha kutaka kuosha vile vyombo. Sahani za maua ziko kabatini.

Mchana mlango ukafunguliwa. Sikusikia hodi. Wala lile neno la Kijapani. Kule sijui kama analisema bado; sikuuliza. Kiatu kimoja kiligonga ukuta, kingine kikalala kifudifudi njiani.

"Mama! Hivi vyote nani ataviosha?"

"Wewe."

Alinung'unika kwa Kiingereza. Ameniletea kopo la chai ya kijani kutoka kwa Haruko. Nitainywa, kwa sukari.

Naandika haya nimekaa kwenye kochi, miguu juu. Maji yanatiririka jikoni. Ananiuliza sabuni iko wapi, namwambia tafuta. Viatu viko palepale njiani. Sivigusi.